Dawa ya Deni ni Kulipa, Hata Deni la Mlinzi

Bahasha ilikuwa ya kaki, imekunjwa mara mbili na kuvishwa nailoni isilowe. Jirani yangu wa Mbagala aliichomoa taratibu, akanipa kwa mikono miwili.

"Mwanangu, nisomee tena pale penye namba."

Nilijua sikuwa wa kwanza kumsomea. Nikafunua ukurasa wa mwisho, nikaanza. Mishahara ya miezi mitatu ambayo haikulipwa, shilingi 600,000. Notisi ya mwezi mmoja, 200,000. Likizo, 200,000. Kiinua mgongo cha miaka tisa, 484,615. Fidia ya kuachishwa kazi isivyo halali, mishahara ya miezi 12, shilingi 2,400,000. Jumla, 3,884,615. Chini yake sahihi ya mwamuzi na muhuri wa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi.

"Hiyo ni hela yangu," akasema. "Sasa naichukulia wapi?"

Mzee huyu alilinda mageti ya watu kwa miaka tisa. Aliingia saa 12 jioni, akatoka saa 12 asubuhi, mvua yake na mbu wake. Kampuni ya ulinzi iliyomwajiri ilianza kuchelewesha mshahara kwa wiki, zikawa wiki mbili, ukawa mwezi, ikawa miezi mitatu. Siku moja msimamizi akamwambia arudishe sare, lindo limefungwa. Akaenda Tume, akasikilizwa, akashinda. Ilikuwa mwaka 2022.

Naandika makala haya kwa sababu ya swali lake. Nchi yetu imejifunza vizuri kumwambia mfanyakazi kwamba ana haki. Kumtia haki hiyo mkononi bado. Na tusijidanganye kwamba kudai ni kazi ngumu inayotushinda. Kudai tunajua sana. Ila deni likiwa la mfanyakazi, tumeamua kazi ya kulidai aifanye yeye, mwenye nguvu kidogo kuliko wote wanaohusika.

Tuanze na lililo jema. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini na Sheria ya Taasisi za Kazi, zote za mwaka 2004, zilimfungulia mfanyakazi mlango ambao zamani ulikuwa mzito. Aliyeachishwa kazi ana siku 30 za kufikisha mgogoro wake Tume. Mwenye madai mengine, kama ya mishahara, ana siku 60. Anajaza fomu, anaitwa kwenye usuluhishi, na wasipopatana ndani ya siku 30 shauri linakwenda kwa mwamuzi. Mwamuzi akishamaliza kusikiliza, anatakiwa atoe tuzo, yaani uamuzi wake, ndani ya siku 30. Si lazima uwe na wakili. Na tangu Bunge lilipobadili sheria mwaka 2021 na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, mtu kama jirani yangu anaweza kulifuatilia shauri lake neno kwa neno. Walioyapigania haya wanastahili shukrani, nami natoa yangu.

Lakini wengi wanadhani ukishashinda, Tume itampigia mwajiri simu alete fedha. Haipigi. Sheria inasema tuzo inaweza kukaziwa katika Mahakama ya Kazi kana kwamba ni hukumu ya mahakama. Maana yake ni kwamba mshinda tuzo anaanza safari ya pili. Anatakiwa apeleke maombi Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, aseme anataka tuzo ikazwe kwa njia ipi: mali ikamatwe iuzwe, fedha zilizo benki zizuiwe, au mdaiwa afungwe kama mfungwa wa madai. Akitaka mali, aitaje. Akitaka akaunti, aseme ni ya benki gani. Mtu aliyekuwa akikesha getini atajuaje bosi anaweka wapi fedha zake?

Jirani yangu alikwama hata kabla ya kufika huko. Kwenye fomu ya Tume alikuwa ameandika jina la mwajiri kama alivyolijua, yaani lile lililochorwa ubavuni mwa gari la doria na kushonwa begani mwa sare yake. Ndilo jina alilolivaa miaka tisa. Lakini kwa Msajili wa Makampuni, BRELA, kampuni ilisajiliwa kwa jina jingine, na lile la begani lilikuwa la biashara tu. Tuzo ikawa imetoka dhidi ya jina ambalo kisheria halina akaunti, halina kiwanja, halina hata kiti. Kulirekebisha kulichukua miezi mitano ya nauli za kwenda na kurudi. Kosa la maneno mawili, na hakuna mtu dirishani aliyemuuliza siku anajaza fomu: mzee, hili jina umelitoa wapi?

Jina lilipokaa sawa, maombi yakapokelewa, mwajiri akaitwa ajieleze kwa nini tuzo isikazwe. Hakufika. Mahakama ikatoa amri, akateuliwa dalali wa mahakama. Nilimsindikiza mzee siku dalali alipokwenda kukamata mali. Tulikodi kirikuu kwa shilingi 60,000 ambazo tulichangishana mtaani, tukaenda hadi kwenye nyumba ya kupanga iliyokuwa ofisi ya kampuni.

Geti lilikuwa limepakwa rangi mpya. Ukutani, jina la zamani lilikuwa limekwanguliwa, ila kwanguo lenyewe lilifuata umbo la herufi, ukisimama upande wa jua ulilisoma lote. Juu yake palikuwa na kibao cha jina jipya. Namba ya simu ilikuwa ileile. Ndani, dada wa mapokezi alimsalimia mzee kwa jina lake, "Shikamoo baba," kisha akafungua droo na kutoa karatasi alizokuwa amezitayarisha: meza, viti, kompyuta na pikipiki mbili, vyote ni mali ya kampuni mpya. Dalali alizisoma, akatikisa kichwa. Mali ya mtu wa tatu haikamatwi kwa deni la mwingine. Kirikuu kilirudi Mbagala kitupu. Mzee alikaa mbele na dereva, bahasha mapajani, hakusema kitu mpaka Kizuiani.

Hila hii haihitaji akili nyingi. Kampuni ni mtu kisheria, na mtu huyo anaweza kuachwa afe akiwa hana kitu, huku mwenye kampuni akisajili nyingine. Ni kweli mahakama zetu zina uwezo wa kufunua pazia la kampuni na kumfikia aliyejificha nyuma yake, na zimewahi kufanya hivyo. Lakini hayo ni maombi mengine, viapo vingine na ushahidi wa nani alikuwa mkurugenzi, nani kahamisha nini, lini. Aliyeshindwa nauli ya Jumatatu anaambiwa athibitishe miamala ya kampuni.

Njia ya kumfunga mkurugenzi nayo ina mwiba wake. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inamtaka anayeomba mdaiwa wake awekwe gerezani alipie posho ya kumlisha humo. Akiacha kulipa, mfungwa anaachiwa. Fikiria: mlinzi anayedai mishahara ya miezi mitatu amnunulie chakula mtu aliyemnyima mishahara hiyo. Sheria hii ilitungwa kwa ajili ya watu wanaodaiana wakiwa na nguvu zinazokaribiana, mfanyabiashara na mfanyabiashara. Kuivisha kwa mlinzi na mwajiri wake ni kumpa mtu viatu vya saizi isiyo yake kisha kumlaumu kwa kuchechemea.

Sasa tazama deni likiwa la Serikali. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Kodi ya mwaka 2015, Kamishna Mkuu wa Mamlaka ya Mapato (TRA) akimdai mtu kodi, anaweza kuiandikia barua benki yake, au mteja yeyote anayedaiwa na mtu huyo, akamtaka alipe moja kwa moja kwa Mamlaka. Hahitaji kirikuu. Na kuna jambo la maana zaidi. Mlipakodi asiyekubaliana na makadirio anatakiwa, kwa kawaida, atangulize theluthi moja ya kodi aliyokadiriwa au kile kiasi asichokibishia, chochote kilicho kikubwa, ndipo pingamizi lake lipokelewe. Lipa kwanza sehemu, ndipo tubishane. Hiyo ni sheria yetu wenyewe, iliyotungwa Dodoma, na inafanya kazi.

Kwa nini kanuni hiyo isimlinde mlinzi? Mwajiri asiyeridhika na tuzo ya Tume ana wiki sita za kupeleka maombi ya marejeo Mahakama ya Kazi. Hiyo ni haki yake, na waamuzi ni binadamu, hukosea. Lakini kuhusu kusimamisha utekelezaji wakati marejeo yanasubiriwa, sheria inasema tu kwamba Mahakama inaweza kuusimamisha. Haisemi mwajiri aweke nini mezani kwanza. Akishindwa hapo, bado anaweza kwenda Mahakama ya Rufani kwa hoja ya kisheria. Huko juu kanuni ni kali zaidi: anayeomba utekelezaji usimamishwe lazima atoe dhamana. Lakini mpaka shauri lifike huko, miaka imekatika, na mwenye kampuni amepata nafasi ya kutosha ya kukwangua jina ukutani. Kwa mwajiri mwenye nia mbaya, muda ndio mali. Kila mwezi anaouchelewesha, mdai mmoja anakata tamaa, mwingine anarudi kijijini, mwingine anakubali laki tatu badala ya milioni tatu kwa sababu mtoto anaumwa leo.

Afrika Kusini, ambako kuna tume inayofanana sana na yetu, waliliona tatizo hili wakaliwekea kizuizi. Tangu Januari 1, 2015, mwajiri anayepinga tuzo mahakamani hawezi kusimamisha utekelezaji wake kwa kufungua maombi tu. Anatakiwa aweke dhamana: kiasi chote cha fidia iliyoamuliwa, au mishahara ya miezi 24 ikiwa ameamriwa amrudishe mfanyakazi kazini. Mahakama inaweza kuamua vinginevyo akionyesha sababu nzuri, lakini mzigo wa kuionyesha ni wake. Kilichobadilika ni kwamba mwenye kutaka tu kuchelewesha sasa anachelewesha akiwa ameshaonyesha fedha.

Wala tusidhani maradhi haya ni ya nchi maskini. Utafiti wa Serikali ya Uingereza wa mwaka 2013 uliwafuatilia walioshinda kwenye mabaraza ya ajira ya kule. Waliolipwa kamili walikuwa asilimia 49. Asilimia 35 hawakupata hata senti. Hapo ni nchi yenye mawakili kila kona na benki kila mtaa. Hilo linanifundisha kwamba utajiri wa nchi peke yake haumlipi mfanyakazi. Analipwa pale ambapo kuna mtu mwenye mamlaka ambaye kazi yake ni kuhakikisha analipwa.

Najua majibu ya waajiri, na mengine ni ya kweli. Mwenye kampuni ndogo ya ulinzi anaweza kuwa hajalipwa na wateja wake kwa miezi, pengine mteja mwenyewe ni taasisi ya umma. Anadaiwa kodi, michango ya NSSF, kodi ya pango. Hata yeye halali. Kwa mtu kama huyo ninasema: njoo mbele ya Naibu Msajili wa Mahakama ya Kazi, onyesha vitabu, omba kulipa kwa awamu, na mfanyakazi mwenye busara atakubali, kwa sababu laki mbili kila mwezi ni bora kuliko milioni za kwenye karatasi. Lakini mwenye hali ngumu hafungui kampuni mpya kwa namba ya simu ileile. Tutenganishe aliyeshindwa na aliyekataa, na sheria imbane huyu wa pili.

Ninaomba mambo manne.

Kwanza, Bunge liweke katika sheria kwamba hakuna tuzo ya mishahara itakayosimamishwa bila mwajiri kuweka fedha au dhamana ya benki mahakamani. Kama theluthi inaitosha TRA, isiyo mlalahoi, basi kwa mlinzi iwe angalau ile sehemu ya mishahara ambayo alishaifanyia kazi, maana hiyo haina ubishi mkubwa: ama alikuwa lindoni au hakuwa.

Pili, Tume yenyewe ipeleke tuzo kukaziwa. Muda wa marejeo ukipita na mwajiri hajalipa, faili liende kwa Naibu Msajili bila kumsubiri mfanyakazi ajaze maombi mapya. Na siku ile ya kwanza, karani wa Tume aangalie jina la mwajiri kwenye kumbukumbu za BRELA kabla fomu haijapokelewa. Ni kazi ya dakika chache kwenye kompyuta. Ingemwokolea jirani yangu miezi mitano.

Tatu, Mahakama iwe na uwezo wa kuagiza taarifa. Ikiwa TRA inajua akaunti za kampuni na NSSF inajua ina wafanyakazi wangapi, Naibu Msajili aweze kuuliza na kujibiwa. Mwajiri naye alazimishwe kuja kutaja mali zake kwa kiapo, na mkurugenzi aliyehamisha mali baada ya shauri kufunguliwa alipe kutoka mfukoni mwake.

Nne, asiyelipa tuzo asipate zabuni ya umma. Mzabuni anatakiwa aonyeshe cheti cha kutodaiwa kodi. Aonyeshe pia kwamba hadaiwi na watu waliomfanyia kazi. Kampuni za ulinzi na za usafi zinaishi kwa mikataba. Mlango huo ukifungwa, nyingi zitakumbuka madeni yao wiki hiyohiyo.

Wakati tukisubiri hayo, nina neno kwa aliye kazini leo. Usisubiri ugomvi ndipo utafute karatasi. Tunza mkataba, tunza hati za mshahara, na uangalie jina lililoandikwa humo ni lipi na benki ipi inayotajwa. Piga picha namba za magari. Fahamu mwajiri wako anamfanyia nani kazi, kwa sababu kampuni isiyo na meza inaweza kuwa na wadaiwa, na fedha anazodai mwajiri wako kwa mtu mwingine zinaweza kukamatwa kwa amri ya mahakama kabla hazijamfikia. Na msidai mmoja mmoja. Chama cha wafanyakazi kinaweza kubeba faili ambalo mtu mmoja hawezi. Tangu mwaka 2017 tuna Sheria ya Msaada wa Kisheria. Wasaidizi wa kisheria wapo, ulizia walipo.

Katiba yetu inasema anayefanya kazi anastahili malipo ya haki, na inaiagiza mahakama isicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Misikitini tumefundishwa kumlipa kibarua jasho likiwa bado bichi, na makanisani kwamba ujira wake usilale kwetu hadi asubuhi. Hakuna Mtanzania anayehitaji kushawishiwa juu ya hili. Dawa ya deni ni kulipa. Kila mtoto anaijua methali hiyo. Kilichobaki ni kuipa methali meno.

Jirani yangu alisaidiwa na mlinzi mwenzake. Mwaka wa tatu wa kuhangaika, kijana waliyewahi kulinda pamoja alimwambia kwamba shule moja binafsi bado inalindwa na watu wa bosi yuleyule, na kwamba mhasibu wa shule bado anaandika hundi kwa jina la zamani, kwa kuwa hakuna aliyemwambia jina limebadilika. Maombi yakapelekwa upya, amri ikatoka, shule ikawa inalipa mahakamani kila mwezi fedha ambazo ingeilipa kampuni ya ulinzi. Zilifika shilingi 2,900,000, ndipo mkataba wa ulinzi ukaisha na mfereji ukakauka.

Sehemu kubwa ya fedha hizo alikusudia iwe ada ya binti yake chuo cha VETA, fundi umeme. Lakini mwaka 2022 si 2025. Binti alikuwa ameshaanza kuuza duka Kariakoo, na baba alipomwambia ada imepatikana, alimjibu kwa upole kwamba ameshazoea, aezeke chumba cha uani kwanza. Mzee aliezeka. Juzi nilipita kwake tukakaa chini ya mabati hayo mapya, akaitoa bahasha. Kwenye ukurasa wa mwisho, chini ya ile jumla, ameandika kwa kalamu ya bluu, kwa mkono wa mtu asiyeandika mara kwa mara, hesabu iliyobaki: 984,615.